Uwanja wa Mpira Mezani: Kuandaa Sosi ya Jibini ya Moto kwa Siku ya Mechi

Sosi ya jibini ya kuchovya ina tabia moja ambayo mwenyeji wa karamu ya kutazama mpira hapaswi kuipuuza: ikiwa ya moto huwa laini na tamu, lakini ikipoa huganda, ikafanya utando juu na kuwa bonge linalovunja kila kinachochovywa ndani yake. Mechi ya soka ina vipindi viwili vya dakika 45 na mapumziko yasiyozidi dakika 15 katikati, na ukijumlisha dakika za majeruhi, wageni watakaa mbele ya skrini kwa karibu saa mbili. Chombo kilichotoka kwenye oveni hakiwezi kuhifadhi joto kwa muda wote huo bila moto chini yake. Kwa sababu hiyo, jambo la kwanza la kuamua, kabla hata ya kununua jibini, ni ratiba. Napendekeza vyombo viwili, kimoja cha kipindi cha kwanza na kingine cha kipindi cha pili, badala ya chombo kimoja kikubwa ambacho nusu yake italiwa ikiwa baridi.

Chombo cha kwanza katika mwongozo huu ni cha mstatili na kinapambwa kuwa uwanja kamili wenye mistari yake. Cha pili ni cha mviringo na kinapambwa kuwa mpira wa vipande vyeusi na vyeupe. Nimeufuata uwanja kwa uwiano wa vipimo vyake halisi, kwa kuwa watakaouzunguka ni watu waliozoea kuutazama, na macho yao hutambua mara moja duara lililo kubwa kupita kiasi au eneo la penalti lililosogezwa hadi karibu na katikati. Kazi yenyewe inahitaji rula, kikombe kidogo na utulivu kidogo.

Jibini ya kuchagua

Jibini huyeyuka kwa hatua mbili. Mafuta yake hulainika kwanza, na hilo hutokea kwenye nyuzi joto zipatazo 32 za Selsiasi, ndiyo maana kipande kilichoachwa mezani siku ya joto hutoa matone ya mafuta. Joto likizidi kupanda, wavu wa protini iitwayo kaseini, ambao umeshikanishwa kwa kalsiamu, hulegea na jibini yote ikaanza kutiririka. Ukiendelea kuongeza moto baada ya hapo, wavu huo hujikaza upya, hukamua maji na mafuta yaliyomo, nawe hubaki na vibonge vigumu vinavyoelea katika mafuta ya manjano. Karibu kila agizo utakalolikuta hapa chini limetokana na jambo hilo.

Msingi mzuri ni Cheddar ya umri mdogo au wa kati, kwa kuwa ina ladha ya kutosha na bado ina unyevu unaoiwezesha kuyeyuka vizuri. Gouda changa, Monterey Jack na Emmental nazo zinafaa. Jibini iliyokomaa muda mrefu, kama vile Parmesan, ina ladha kali lakini maji yake ni machache, hivyo huelekea kufanya chengachenga. Itumie kama kiungo cha kukoleza, wala usiifanye msingi. Mozzarella hutoa nyuzi ndefu ambazo watu wengi huzipenda, ila ikizidi, kila mgeni atanyanyua uzi unaovuka meza nzima kabla haujakatika; robo ya jibini yote inatosha. Halloumi, paneer na feta ziache kabisa, kwa maana hubaki vipande hata zikikaa motoni.

Nunua jibini ya bonge na uikwaruze mwenyewe. Ile inayouzwa ikiwa imekwaruzwa tayari hunyunyiziwa wanga au selulosi ili nyuzi zake zisishikane, na vitu hivyo huipa sosi hali ya unga mdomoni. Uikwaruze ikiwa baridi, kisha uiache ipoteze ubaridi kwa nusu saa kabla ya kuipika, kwani jibini ya baridi ikitiwa kwenye maziwa ya moto huchelewa kuyeyuka, nawe utashawishika kuongeza moto usiohitajika.

Kinachoifanya sosi isitengane ni kitu kinachokaa kati ya protini na mafuta. Kwa mpishi wa nyumbani kitu hicho ni wanga wa unga wa ngano uliopikwa kwenye siagi. Ipo njia nyingine, ya chumvi iitwayo sodiamu sitrati, ambayo hunyakua kalsiamu iliyoufunga wavu wa kaseini na kuiacha jibini iyeyuke kuwa laini kabisa bila unga wowote. Njia hiyo ndiyo Walter Gerber na Fritz Stettler waliyoitumia huko Thun, Uswisi, mwaka 1911, walipotengeneza jibini ya kusindika. Ukiipata chumvi hiyo, gramu 12 kwa gramu 600 za jibini zinatosha. Hata hivyo, kwa sosi itakayobeba mapambo juu yake napendelea unga, kwa sababu huifanya iwe na uzito wa kushikilia mistari isizame.

Kupika sosi

Vipimo hivi ni vya chombo cha mstatili chenye urefu wa sentimita 33, upana wa sentimita 23 na kina cha sentimita 5, nacho hutosheleza watu 10 hadi 12. Utahitaji gramu 60 za siagi, gramu 60 za unga wa ngano, mililita 750 za maziwa yasiyoondolewa mafuta, gramu 450 za Cheddar, gramu 150 za mozzarella kavu, si ile inayouzwa ikiwa majini, na gramu 200 za jibini laini ya kupaka. Kwa ladha, tafuta punje mbili za kitunguu saumu zilizosagwa, kijiko kimoja cha chai cha unga wa haradali, nusu kijiko cha chai cha paprika na pilipili manga kidogo. Chumvi usiitie mwanzoni. Jibini yenyewe ina chumvi, chipsi za kuchovya zina chumvi, na zeituni zitakazotumika kupamba nazo zina chumvi. Onja mwishoni ndipo uamue.

Yeyusha siagi katika sufuria yenye kitako kizito kwa moto mdogo, kaanga kitunguu saumu kwa nusu dakika bila kukiacha kibadilike rangi, kisha tia unga wote na ukoroge kwa mwiko kwa dakika mbili. Lengo ni kuondoa ladha ya unga mbichi, kwa hiyo mchanganyiko ubaki na rangi ya krimu. Anza kumimina maziwa, ambayo ni vizuri yawe ya uvuguvugu, kidogo kidogo, huku ukipiga kwa mchapo wa waya. Mimino la kwanza litaleta bonge zito linalotia hofu, lakini endelea kumimina na kupiga, na bonge hilo litafunguka kuwa uji laini. Maziwa yote yakishaingia, acha yachemke taratibu kwa dakika tatu huku ukikoroga hadi kwenye kona za sufuria, kwa kuwa wanga hauwezi kufanya kazi yake kikamilifu bila kufikia mchemko.

Sasa zima moto, na hapa ndipo sosi nyingi huharibika, kwa sababu mpishi huona uji mzuri unaochemka akatia jibini papo hapo. Subiri dakika mbili au tatu hadi mchemko utulie kabisa. Ukiwa na kipimajoto, ngoja kishuke hadi nyuzi 75 hivi. Tia kwanza jibini laini ya kupaka na uikoroge hadi ipotee, kisha Cheddar konzi moja baada ya nyingine, ukihakikisha kila konzi imeyeyuka kabla ya kuongeza inayofuata. Maliza kwa mozzarella, haradali, paprika na pilipili manga. Iwapo sosi itapoa kiasi cha kushindwa kuyeyusha konzi za mwisho, irudishe juu ya moto mdogo sana, na isichemke tena.

Sosi ikianza kufanya chengachenga au kutoa mafuta pembeni, usiitupe. Iondoe motoni, tia vijiko viwili vikubwa vya maziwa ya uvuguvugu na kijiko kimoja cha chai cha maji ya limau, kisha uipige kwa nguvu kwa dakika nzima. Asidi ya limau huzisaidia protini kuachana. Isipotii, kipande kimoja au viwili vya jibini ya kusindika vitaokoa sosi yote, kwa kuwa vimekwisha kuwa na zile chumvi zinazounganisha maji na mafuta.

Mimina sosi katika chombo kilichopakwa siagi. Itafikia kina cha sentimita 2 hivi, nacho ni kina kinachofaa: ikiwa nyembamba zaidi itapoa haraka, na ikiwa nene zaidi katikati hapatapata moto. Funika kwa foili na uoke kwa nyuzi 180 kwa dakika 15, hadi kingo zianze kutoa mapovu. Foili ni muhimu, kwani uso uliokauka ukawa gamba hauchoveki. Ukiwa umeipika sosi siku moja kabla na kuihifadhi kwenye jokofu, itahitaji dakika 30 hadi 35, na katikati yake ifikie nyuzi 74 kabla ya kuitoa. Chombo cha kioo au kauri kilichotoka kwenye jokofu kisiingizwe ghafla kwenye oveni ya moto; kiache mezani kwanza kwa dakika 20 hivi.

Kwa mgeni asiyekula ngano, badilisha unga huo kwa gramu 30 za wanga wa mahindi uliokorogwa katika maziwa ya baridi, kwa kuwa wanga huo huleta uzito mara mbili ya unga wa ngano.

Kuchora uwanja

Majani ya kijani huwekwa baada ya sosi kutoka kwenye oveni. Rangi ya majani mabichi hufifia ikawa ya kahawia iliyochanganyika na kijani pale moto unapokaa nayo kwa muda mrefu, na uwanja wa rangi hiyo hauvutii mtu. Andaa mapema gramu 60 za majani yaliyokatwakatwa laini kabisa, nusu yakiwa ya giligilani, ambayo ni ya kijani kilichokolea, na nusu yakiwa majani mabichi ya kitunguu, ambayo yana kijani cha mwanga zaidi. Yaoshe saa kadhaa kabla, yakaushe kwa kitambaa safi hadi yasiache unyevu mkononi, ndipo uyakate. Majani yenye maji hushikana kwa mafungu na kuchuruzisha kijani kwenye mistari myeupe.

Kuhusu vipimo, uwanja unaotumika katika mashindano ya kimataifa kwa kawaida una urefu wa mita 105 na upana wa mita 68. Ukiacha ukingo mdogo kuzunguka chombo chetu, nafasi inayobaki ya sentimita 30 kwa sentimita 19.4 ina uwiano uleule. Hivyo kila mita ya uwanjani inakuwa milimita 3 hivi mezani, na kutoka hapo mengine yote hupatikana kwa hesabu. Duara la katikati, ambalo nusu kipenyo chake ni mita 9.15, linakuwa na kipenyo cha sentimita 5.2. Eneo la penalti lina kina cha sentimita 4.7 na upana wa sentimita 11.5. Eneo dogo la mbele ya goli lina kina cha sentimita 1.6 na upana wa sentimita 5.2. Nukta ya penalti iko sentimita 3.1 kutoka mstari wa goli, na goli lenyewe lina upana wa sentimita 2.1.

Iache sosi ipumzike kwa dakika tano, uso wake utulie, kisha tandaza majani. Viwanja vingi hukatwa nyasi kwa mikanda inayopishana rangi, na mikanda hiyo ni msaada mkubwa kwa mchoraji. Gawanya urefu wa sentimita 30 katika mikanda 12 ya sentimita 2.5 kila mmoja, sita kila upande, nawe utaona kwamba mstari wa katikati unaangukia mpaka wa mikanda, na eneo la penalti linafunika karibu mikanda miwili kamili. Kata kadibodi yenye tundu la mstatili lenye upana wa mkanda mmoja, iinamishe juu ya sosi bila kuigusa, nyunyiza giligilani, sogeza, nyunyiza majani ya kitunguu, na uendelee hivyo hadi mwisho. Tabaka liwe jembamba. Majani mengi hufunika ladha ya jibini, na mgeni alikuja kula jibini.

Mistari huchorwa kwa jibini laini ya kupaka, gramu 100, iliyolegezwa kwa kijiko kimoja au viwili vya maziwa hadi itoke kwa urahisi ikiminywa. Itie katika mfuko mdogo wa plastiki, na ukate ncha ya kona moja kwa upana usiozidi milimita 2. Sheria za mchezo haziruhusu mstari wa uwanjani kuzidi upana wa sentimita 12, na hapa mstari wetu utazidi kipimo hicho kwa kiasi kikubwa, lakini wembamba wa kweli usingeonekana. Jaribu kwanza juu ya sahani ili kujua mkono wako unahitaji nguvu kiasi gani.

Anza na mistari ya pembeni na ya magoli, kisha mstari wa katikati. Kwa duara, chukua kikombe kidogo au kikata biskuti chenye mdomo wa kipenyo cha sentimita 5.2, kibonyeze taratibu juu ya majani ili kiache alama, kisha fuata alama hiyo kwa mfuko. Usikiweke mbali kikombe hicho, kwa sababu upinde unaotokeza mbele ya eneo la penalti ni sehemu ya duara la ukubwa uleule: nusu kipenyo chake nacho ni mita 9.15, kikipimwa kutoka nukta ya penalti. Weka kitovu cha kikombe juu ya nukta hiyo, tia alama, na uchore sehemu ile tu inayotoka nje ya eneo la penalti, ambayo hutokeza kwa sentimita 1 hivi. Watu wengi huuchora upinde huo kama nusu duara kamili, na hilo ndilo kosa linalouharibu uwanja wa mezani kuliko jingine lolote. Maliza kwa nukta mbili za penalti, nukta ya katikati na robo duara ndogo kwenye kona nne.

Wachezaji ni vipande vya pilipili hoho, vyekundu kwa timu moja na vya njano kwa nyingine, visivyozidi upana wa sentimita 1, au rangi nyingine za mboga zinazolingana na jezi za timu zitakazocheza. Nyanya ndogo nzima, ingawa inapendeza, ingekuwa na upana wa zaidi ya mita 8 kwa kipimo chetu, na wachezaji 22 wa ukubwa huo wangeubana uwanja. Makipa wawili wapewe rangi tofauti na wenzao, kwa mfano kipande cha zeituni nyeusi na kipande cha karoti. Wapange kama wanavyosimama kabla ya mpira kuanza: kila timu katika nusu yake, na timu isiyoanzisha mpira ikae nje ya duara la katikati. Mfumo wa 4-3-3 hukaa vizuri mezani kwa kuwa huacha nafasi wazi kati ya safu. Mpira uwe kitone cha mozzarella cha ukubwa wa punje ya mtama. Kwa uwiano halisi ungekuwa chini ya milimita 1.

Magoli yasimamishwe kwa vijiti vya karoti vilivyochongwa, na bendera za kona kwa vipande vya majani ya kitunguu vyenye pembetatu ndogo za hoho. Njiti za meno zisitumike ndani ya sosi kwa namna yoyote. Watu watakuwa wakichovya huku macho yako kwenye skrini, na njiti iliyovunjika ndani ya chipsi ni hatari ya kweli. Kwa sababu hiyohiyo zeituni ziwe zimetolewa kokwa.

Mapambo yote yakiwa yamekatwa mapema, kazi hii huchukua kati ya dakika 10 na 15. Toa chombo kwenye oveni dakika 30 kabla ya mechi kuanza, nacho kitafika mezani wakati timu zinaingia uwanjani. Kiweke juu ya taulo nene lililokunjwa au ubao wa mbao, kwa kuwa meza ya jiwe au ya chuma hufyonza joto haraka kuliko hewa. Chombo cha chuma cha kusubu au cha kauri nzito hushinda vingine vyote katika kuhifadhi joto.

Wanaotazama mpira wa kikapu watahangaika kidogo zaidi kutafuta chombo, kwa sababu uwanja wa kimataifa wa mchezo huo ni mita 28 kwa 15, yaani mrefu na mwembamba kuliko wa soka, lakini hawahitaji majani: sosi ya Cheddar iliyoachwa bila foili katika dakika tano za mwisho hupata rangi ya sakafu ya mbao.

Mpira wa mapumziko

Kwa chombo cha mviringo chenye kipenyo cha sentimita 24, pika nusu ya vipimo vya sosi nilivyotaja na uihifadhi kwenye jokofu ikiwa tayari ndani ya chombo. Kitoe kwenye jokofu mechi inapoanza, kiingize kwenye oveni yenye nyuzi 180 mechi ikifika dakika ya 20, kikiwa kimefunikwa kwa foili, na uikoroge sosi mara moja katikati ya muda huo. Ikikaribia dakika ya 40, tandaza gramu 120 za mozzarella juu yake na uirudishe bila foili hadi uso uwe mweupe na laini. Usiiache ipate madoa ya kahawia. Mwamuzi anapopuliza filimbi ya mapumziko, chombo kitakuwa tayari kutoka, nawe utakuwa na robo saa ya kupamba na kukipeleka mezani.

Mpira tunaoufuata ni ule wa Adidas uitwao Telstar, uliotumika katika Kombe la Dunia la mwaka 1970 nchini Mexico. Una vipande 32: pembetano 12 nyeusi na pembesita 20 nyeupe, rangi zilizokusudiwa kuonekana vizuri kwenye televisheni za wakati huo, ambazo nyingi hazikuwa za rangi. Ukiutazama kutoka mbele, pembetano moja ikiwa katikati, unaona nyingine tano kwenye ukingo.

Siri ya kuuchora ni kugawanya nusu kipenyo katika mafungu matatu yaliyo sawa. Chombo chetu kina nusu kipenyo cha sentimita 12, kwa hiyo pembe za pembetano ya katikati ziwe sentimita 4 kutoka kitovu, na kila upande wake utakuwa na urefu wa karibu sentimita 4.7. Kutoka kila pembe, chora mstari mweusi wa sentimita 4 unaoelekea nje. Mwisho wa mstari huo ndipo ilipo ncha ya pembetano ya pembeni, nayo hupanuka kutoka hapo hadi kugusa ukingo. Zingatia kwamba pembetano za pembeni zinatazamana na pembe za ile ya katikati, na wala hazitazamani na pande zake. Ukizihamisha, vipande vyeupe havitakuwa na pande sita, na hata asiyejua jiometri atahisi kwamba kuna jambo halijakaa sawa. Mwishowe unganisha kila pembetano ya pembeni na jirani yake kwa mstari mfupi karibu na ukingo.

Weusi wote hutoka kwenye zeituni, gramu 150 zilizokaushwa vizuri na kukatwakatwa laini, zikinyunyizwa kupitia tundu la pembetano lililokatwa kwenye karatasi nene. Mistari ifanye kwa nyuzi nyembamba za zeituni zilizokatwa kwa urefu.

Vya kuchovya na usalama wa meza

Chagua vitu vinavyoweza kubeba sosi nzito bila kuvunjika: chipsi nene za mahindi, vipande vya mkate vilivyookwa hadi vikakauka, viazi vidogo vilivyochemshwa, vijiti vya karoti, na maua ya koliflawa yaliyotiwa kwenye maji yanayochemka kwa dakika moja kisha yakakaushwa. Tango linapendeza rangi, lakini maji yake huifanya sosi iteleze na kuanguka mezani. Weka pia kijiko kikubwa na sahani ndogo kando ya chombo, ili kila mgeni ajitilie fungu lake na kuchovya humo. Ni usafi, na pia uwanja hudumu muda mrefu zaidi kabla ya kuvurugika.

Wajulishe wageni waziwazi kwamba sosi ina maziwa na ngano. Watoto wadogo wasipewe zeituni nzima wala nyanya ndogo nzima. Wakatiwe vipande vinne kwa urefu.

Chakula cha namna hii kisikae mezani kwa zaidi ya saa mbili kikiwa na joto la chini ya nyuzi 60, kwa kuwa bakteria huzaliana upesi kati ya hapo na nyuzi 5. Kwa sababu hiyo, mechi ikiingia dakika 30 za nyongeza na mikwaju ya penalti, chombo cha kipindi cha kwanza kiwe kimekwisha ondolewa mezani. Sosi iliyobaki bila kuguswa ndani ya muda huo ihifadhiwe kwenye jokofu katika chombo chenye mfuniko na iliwe ndani ya siku tatu. Ipashwe moto kwa sufuria juu ya moto mdogo pamoja na maziwa kidogo, ikikorogwa bila kuacha hadi ifikie nyuzi 74. Majani na vipande vya hoho vilivyobaki ndani yake havina haja ya kuondolewa: ukiichanganya sosi hiyo na tambi zilizochemshwa, hukamilisha chakula cha kesho yake bila kuongeza kiungo kingine.